Nakala ya Luka

Kwenye ile kanda ya harusi Luka alikuwa akicheza ngoma huku anacheka. Kwenye diski alicheza bila kucheka, na macho yake hayakubanduka kwenye kamera.

Mohsin alidhani ni kosa la mashine. Mwaka ule wa tisini na tisa ni yeye peke yake hapa Geita aliyekuwa na kompyuta ya kuhamishia kanda kwenye diski, na watu walimletea harusi na ubatizo wao, kanda zimeliwa na ukungu, awahifadhie. Kanda ya Mama Luka ilikatika vipande mara tu alipomaliza kuinakili. Masikini yule mama, hakuwa na picha nyingine ya mwanawe. Duara, shimo la kuchimbia dhahabu, lilimfukia Luka masika yale, na mwili haukupatikana.

Mama Luka alipokuja dukani kutazama aliomba irudiwe, kisha akaomba tena, na kila ilipoanza upya Luka alikuwa amesogea mbele kidogo, akiwaacha wachezaji wenzake nyuma, udongo mbichi ukimdondoka mabegani, mpaka duka zima likanuka tope mchana kweupe, na ingawa Mohsin alikuwa amezima spika, sauti ikatoka kwenye kioo, ikinong'ona kwa Kisukuma, ikimwita mama, "Mayu, nifungulie."

Mohsin akakimbilia kwa Mzee Jilala, mganga wa majini. Mzee alichungulia mlangoni tu, akarudi nyuma.

"Si mwanao huyo," alimwambia mama kwa sauti ya chini. "Ni jini la mashimoni, limevaa sura yake. Futeni humo kwenye mashine, na hiyo diski mvunje. Litaondoka leo hii."

"Najua siye, mzee wangu," Mama Luka akajibu. "Luka hakuniita mayu hata siku moja. Aliniita Mama Luka kama majirani, kwa kunitania tu."

"Sasa unangoja nini?"

"Mkifuta, sura yake nitaiona wapi? Hata kaburi sina."

Jilala akageuka, akajiondokea.

Mama Luka alijifuta machozi kwa ncha ya kanga, akamgeukia Mohsin. "Baba, nitengenezee nyingine. Hii isije ikaharibika."

Mohsin akaingiza diski tupu. Kwenye kioo yule kijana alikuwa ameacha kunong'ona, anasubiri.