Namba za Hirizi ya Nadra

Mpiganaji wa kwenye televisheni alikohoa. Saidati, aliyekuwa akikunja nguo nyuma ya pazia, alikitambua kikohozi kile: kilikuwa cha binti yake Nadra, na Nadra alikuwa amelala mbele yake, mdomo umefumbwa.

Mumewe Sulaiman hakusikia kitu. Alikuwa amegeuza sebule yao kuwa chumba cha michezo kwa vijana wa njia ya Grande Barrière, ng'ambo ya mpaka wa Goma, na tangu aletewe kutoka Kampala kidude cha kuchomeka nyuma ya mashine alijiita injenia. Kidude kile kiliingiza namba ndani ya mchezo wakati unaendelea: namba sahihi ilimfanya mpiganaji asipungukiwe uhai, namba mbovu iligandisha mashine. Za Sulaiman ziligandisha kila siku, naye akalaumu umeme. Ghafla wiki hiyo mpiganaji wake mwekundu akawa hauawi, vijana wakamsifu, naye akavimba kichwa.

Jioni, akimwogesha mtoto, Saidati alikuta alama za ngumi mbavuni. Hirizi ya shingoni ilikuwa imeshonwa upya kwa uzi wa nailoni, mshono wa mtu asiyeweza hata kushikiza kifungo.

"Baba Nadra, hirizi ya mutoto nani amefungua?"

"Ni mi. Nilitoa tu namba. Hirizi inakinga mutu, si ndiyo? Donc, basi, ikinge na mupiganaji."

Namba zile Mwalimu Abdu, aliyeiandika hirizi hiyo, alizihesabu herufi kwa herufi kutoka jina la mtoto na jina la mama yake, kisha akalifunga humo jini la kuwalinda. Jambo hilo hata mpumbavu wa mtaa alilijua. Injenia alikuwa amemwingiza mwanawe ulingoni.

Saidati akachomoa waya ukutani. Televisheni haikuzima. Harufu ya nywele zinazoungua ikajaa chumbani, na yule mwekundu, bila mtu kushika maneti za kuchezea, akaendelea kupigana, akipokea ngumi huku uhai wake haupungui, na kila ngumi iliyotua kwenye kioo Saidati aliisikia ikitua nyuma ya pazia, katika mwili mdogo ambao haukulia tena ila kukohoa tu, mpaka mpiganaji akageuza uso polepole, akamtazama yeye, mama ambaye jina lake nalo lilikuwa ndani ya zile namba, akatabasamu kama mgeni aliyekaribishwa kula.

Mwalimu Abdu alipoitwa na kufika hakugusa kitu. Alinong'ona kwamba kuivunja mashine ni kumwachia jini mtoto mzima mzima.

"Linataka majina ingine. Ya mutu, na ya mama yake."

Mama yake Sulaiman alikuwa kaburini miaka mingi, hakuna cha kumdhuru tena. Sulaiman akaanza kueleza habari za hatari ya kuharibu mashine, na kwamba afadhali wasubiri fundi wa Kampala.

"Injenia," Saidati akasema kwa sauti ya chini, "ingiza jina yako."

Mwalimu akahesabu, Sulaiman akabonyeza. Nyuma ya pazia Nadra akavuta pumzi ndefu, akaomba uji.

Asubuhi wateja walibisha hodi. Sulaiman, amejikunja kitandani na alama za ngumi mbavuni, alimsihi mkewe awafukuze. Lakini Mwalimu alikuwa ameonya kwamba jini likikosa wachezaji linajichezea lenyewe, na lenyewe halina huruma. Saidati akafungua mlango, akawapa maneti.

"Chezeni," akawaambia. "Lakini huyu mwekundu musimupige ku kichwa. Kesho iko na safari ya Goma."