Maiti Yenye Maneno

Karatasi iligeuzwa, mara moja tu, ndani ya kishimo cheusi mbele ya jukwaa.

Mwigizaji Alois Kratina akakatika katikati ya sentensi. Katika kishimo hicho Hedvika Šímová alikaa miaka ishirini na mitatu, akimnong'oneza maneno kila alipoyasahau, na aliyasahau kila usiku. Sasa hamkuwa na mtu. Hedvika alizikwa asubuhi ile, na Kratina hakwenda. Usiku ule hakukumbuka neno tena. Watazamaji wakamzomea, na kabla ya Krismasi jumba la maigizo likamwachisha kazi.

Akahamia kwenye filamu. Filamu za siku hizi hazina sauti, alijifariji. Hakuna wa kumdai maneno.

Siku ya tatu, katika banda la vioo la kupigia filamu, nje ya Praha, alitakiwa afe. Akalala kochini, akafumba macho, kamera ikaanza kuzungushwa. Kukanukia peremende, zile alizozoea kumumunya Hedvika. Chini ya mbao za sakafu karatasi ikageuzwa. Midomo yake ikaanza kwenda.

"Simamisha," alisema mwongozaji, Havránek. "Mzee, ukifa, ufe. Maiti haihutubii."

Walirudia mara tano. Mara tano alikufa vizuri, na mara tano midomo ikaendelea bila yeye. Kijana wa taa aliuliza kama marehemu bado ana wosia. Kratina alijing'ata midomo hadi damu, akalitukana kochi, akaomba mara moja zaidi. Havránek alikwisha kumwagiza mwigizaji mwingine, Pešek, avae ndevu za bandia: jua likizama kabla ya picha kupatikana, nafasi ni ya Pešek. Kratina alikuwa na miaka hamsini na minane, wala hakuwa na mlango mwingine wa kubisha.

Božena, mshonaji wa mavazi, akamsogelea. Mama yake alikuwa kiziwi, naye alijua kusoma midomo tangu utotoni.

"Mzee Kratina," alisema kwa sauti ya chini, "unajua unasema nini ukishakufa?"

"Sisemi kitu."

"Unasema, nimechoka kukaa chini. Halafu unasema, uliwataja wote."

Kratina akakumbuka. Kwenye sherehe ya miaka yake ishirini jukwaani aliwashukuru wote, bawabu na hata farasi. Hedvika, aliyemwomba jambo moja tu, kutajwa jina, alisubiri kishimoni hadi taa zikazimwa. Kumtaja kungekuwa kukiri kwamba hakuwahi kuyajua maneno yake mwenyewe.

Kamera ikazungushwa kwa mara ya mwisho. Harufu ya peremende ikamjaa kooni, karatasi zikageuzwa mbiombio chini ya mgongo wake, moja juu ya nyingine, na kitu baridi kama vidole kikalishika taya lake kwa ndani na kuanza kulivuta, huku Pešek akingoja na ndevu zake na mwanga ukififia kwenye vioo, mpaka maiti ikafumbua macho, ikaketi, ikaitazama kamera, na kwa midomo ambayo kila kiziwi wa Praha angeweza kuisoma, ikasema:

"Hedvika Šímová."