Masanduku Saba ya Beata

Siku za Jumamosi Beata hakuhitaji kuamshwa. Jua likichomoza nyuma ya milima ya Umatengo, yeye alikuwa amekwisha kuteka ndoo mbili za maji, amefagia uwanja na kuwasha moto wa uji. Kisha alisimama mlangoni na chupa ya maji ya kunywa mkononi, akimsubiri Shangazi Edina avae viatu vyake vya kutembelea.

Beata alikuwa na miaka kumi na miwili, mwanafunzi wa darasa la sita. Alilelewa na shangazi yake, ambaye alifundisha historia hadi alipostaafu. Waliishi Chilundi, mji mdogo mkongwe ufukoni mwa Ziwa Nyasa. Zamani, kabla ya barabara ya magari kushuka kutoka Mbinga, mizigo yote ilipita Chilundi kwa meli. Ndiyo maana mji ule ulikuwa na gati la mawe, kanisa la matofali mekundu, kisima chenye ngazi, makaburi ya wamisionari na ghala la Wajerumani ambalo paa lake lilikwisha kuanguka. Wenyeji walianika dagaa wa ziwani, usipa, juu ya kuta hizo wala hawakujiuliza nani alizijenga.

Ilikuwa miaka ya tisini, biashara zilipofunguliwa. Mbinga ilijaa wanunuzi binafsi wa kahawa, na baadhi yao waliteremka ziwani kupumzika. Shangazi Edina aliwaona wakikaa barazani pa nyumba ya wageni wakipiga miayo, akaanza kuwatembeza mjini kwa miguu. Hakuchukua zaidi ya watu sita kwa safari moja.

“Wakizidi sita,” alisema, “wa nyuma wanasikia upepo tu.”

Beata aliyajua maneno yote ya shangazi kwa moyo. Aliyapenda matembezi hayo kuliko mchezo wa rede. Jambo moja tu lilimkera: Shangazi alikuwa mwepesi mno wa kusema “sijui”. Mgeni anatoka mbali, anauliza swali zuri, naye Shangazi anajibu, “Hilo sijui, mwanangu.” Beata alikuwa akitazama chini kwa aibu.

Jumamosi moja ya mwezi wa saba Shangazi aliamka na mafua mazito. Sauti ilikuwa imekauka kabisa. Wageni watano kutoka Mbinga walikuwa tayari wamesimama nje.

“Nenda nao,” Shangazi alinong’ona. “Unayajua yote. Tembea polepole, na usimwache mtu nyuma.”

Moyo wa Beata ulidunda kwa furaha. Aliwaamkia wageni, “Shikamooni,” akajitambulisha, kisha akawaongoza hadi gatini. Miongoni mwao alikuwamo Mama Hildegardi, mwalimu mnene mcheshi aliyechukua mwavuli, na Bwana Urbani, mnunuzi wa kahawa mwenye kamera shingoni. Beata aliwaonyesha pete ya chuma iliyofungiwa meli, iliyolika kwa kamba upande mmoja. Akawapeleka kanisani, akawaambia waguse matofali, maana kwenye tofali moja kulikuwa na alama ya kidole cha aliyelifinyanga.

“Mtoto huyu anajua kuliko mimi mwalimu!” alisema Mama Hildegardi.

Sifa zile zilimpanda Beata kichwani kama jua la saa sita. Walipofika ghalani, Bwana Urbani alisimama mbele ya ukuta wa nyuma. Palikuwa na mlango uliozibwa kwa mawe tangu chini hadi juu.

“Mlango huu ulizibwa kwa nini?” aliuliza.

Hapo ndipo Shangazi husema hajui. Beata aliona Bwana Urbani akitazama saa yake. Aliona wengine wakianza kugeuka. Akaogopa kwamba matembezi yake yanapoa, na mdomo ukatangulia akili.

“Wajerumani waliuziba walipokimbia vita,” alisema. “Waliacha masanduku saba ya chuma chini ya kizingiti. Yamejaa fedha.”

Wote waligeuka. Kamera ikalia, kacha! kacha!

“Nani alikwambia?” aliuliza Bwana Urbani, macho yamemtoka.

“Babu yangu mzaa mama, marehemu Placidi. Alikuwa mwashi. Aliyajua majengo yote ya hapa.”

Wageni walimpigia makofi. Beata alicheka, akawaharakisha kuondoka ghalani. Jioni Shangazi alipomwuliza matembezi yalikuwaje, alijibu, “Mazuri,” akainamia sahani yake ya ugali wa muhogo. Siku hiyo hakumaliza chakula.

Ikapita Jumapili, ikapita Jumatatu. Jumanne mchana, Beata akitoka shuleni, alisikia vishindo upande wa ghala. Alikimbia kwenda kuona.

Watu wapatao ishirini walikuwa wamezunguka mlango uliozibwa. Damiano, mwashi wa mji, alikuwa ndani ya shimo lililomfika kiunoni, akipiga sururu chini ya ukuta. Kando yake alisimama mtu mgeni aliyeteremka na basi la asubuhi kutoka Mbinga. Alishika fimbo mbili za shaba na kudai kwamba hutikisika penye mali.

“Chimbeni, chimbeni!” alisema. “Habari hii imezagaa stendi nzima ya Mbinga. Msipoyatoa ninyi leo, kesho watakuja wengine.”

Beata alitazama juu. Ufa mpana kama kidole gumba ulikuwa umepanda ukutani. Ukuta ule ndio ulioshikilia jiko la Bibi Emerensiana, mjane aliyeishi peke yake upande wa pili. Kupitia uwazi wa uzio alimwona bibi huyo akitoa vyungu vyake nje kimoja kimoja.

Beata alikimbia nyumbani. Alimkuta Shangazi akichambua mboga.

“Shangazi, wanabomoa ghala! Jiko la Bibi Emerensiana litaanguka!” Akaanza kulia. “Ni mimi. Niliwaambia wageni kuna masanduku. Nilitunga tu. Nikamsingizia Babu.”

Shangazi Edina aliweka kisu chini. Hakupaza sauti, na sauti yenyewe ilikuwa haijarudi vizuri. Alimpangusa Beata machozi kwa ncha ya kitenge chake.

“Vaa viatu,” alisema. “Twende ukaseme kama ulivyoniambia mimi.”

Kusema mbele ya wageni watano wanaotabasamu ni rahisi. Kusema mbele ya watu ishirini wenye vumbi na matumaini ni jambo jingine. Beata alisimama ukingoni mwa shimo, akabana vidole vyake.

“Shikamoo Baba Damiano. Naomba mwache kuchimba. Hakuna masanduku. Nilidanganya.”

Kisha mtu wa fimbo akaangua kicheko.

“Mnaona? Mtoto amekaripiwa nyumbani. Sasa wanataka kuyachimba wenyewe!”

“Hapana!” alisema Beata. “Ni kweli nilidanganya!”

“Kwa hiyo ulidanganya juzi, au unadanganya leo?” aliuliza Damiano kutoka shimoni. Hakusema kwa ukali. Alikuwa mtu mzuri, mwenye watoto sita na mabati yaliyotoboka. “Tutajuaje, mwanangu?”

Beata aligeuka kumtazama Shangazi, akitumaini kwamba atamwokoa. Shangazi alimshika bega tu.

“Kuna mtu mmoja bado hujamwomba radhi,” alisema.

Wakazunguka uzio. Bibi Emerensiana alikuwa ameketi juu ya kinu kilichopinduliwa, vyungu vimemzunguka pande zote. Beata alipiga magoti.

“Shikamoo, Bibi.”

“Marahaba, mjukuu wangu. Mbona unalia?”

“Ni mimi niliyesema kuna mali chini ya ukuta wako. Mgeni aliniuliza mlango ulizibwa kwa nini, nami nikaona haya kusema sijui. Nisamehe, Bibi. Hata sasa sijui.”

Bibi alimtazama kwa mshangao.

“Hujui? Mbona mimi najua.”

“Unajua?” Shangazi Edina alidakia.

“Nisijue vipi, na jiko ni langu? Aliuziba Placidi, babu yake huyu. Mwaka ule nilijifungua pacha. Upepo wa ziwani ulikuwa unaingia kwa mlango ule, unazima moto wangu na kuwakohoza watoto. Mume wangu akamwita Placidi. Alifanya kazi siku mbili, akala samaki wa kuchoma, mbasa, akaenda zake.”

“Bibi, umewaambia hawa wanaochimba?” aliuliza Beata.

“Nani aliniuliza? Walikuja na sururu, hawakuja na maswali.” Bibi alijiinua taratibu. “Hata jina lake lipo. Placidi alikuwa na majivuno kidogo ya kazi yake. Nenda katazame juu ya mafiga, nyuma ya dari ya kukaushia samaki.”

Beata aliingia jikoni. Ukuta ulikuwa mweusi kwa masizi ya miaka mingi. Alilowesha kitambaa, akasugua polepole, huku udongo ukidondoka kutoka kwenye ufa kila sururu ilipopiga upande wa pili. Alisugua tena. Ikatokea herufi moja, halafu nyingine, zilizochorwa kwa msumari kwenye chokaa kabla haijakauka: PLACIDI 1953.

Alipitisha kidole juu ya jina lile. Hakuwahi kumwona babu yake. Alifariki kabla yeye hajazaliwa. Sasa alikuwa akigusa kazi ya mkono wake, nayo ilikuwa bora kuliko masanduku yote aliyomtungia.

Alitoka mbio hadi shimoni.

“Baba Damiano, ulisema mtajuaje. Njooni niwaonyeshe! Sina haja mniamini mimi. Njooni mtazame kwa macho yenu.”

Damiano alisita, kisha akaegemeza sururu na kupanda juu. Wengine walitaka kumfuata kwa pamoja.

“Sita kwanza,” alisema Beata. “Jiko ni dogo, na ukuta umechoka.”

Waliingia sita. Beata aliinua kibatari karibu na ukuta. Damiano alisoma jina, akalisoma tena. Aligonga mawe kwa kifundo cha kidole, akakwangua chokaa na kuitazama kiganjani kama mtu anayekagua mbegu.

“Hii ni kazi ya Marehemu,” alisema. “Mimi nilifundishwa uashi na mwanafunzi wake. Wajerumani waliondoka vita vya kwanza. Mawe haya yamewekwa mwaka hamsini na tatu.” Akasikia udongo ukidondoka. Aliuona ufa kwa upande huu, naye akashika kichwa. “Mungu wangu! Nusura tumwangushie bibi wa watu nyumba!”

Walipotoka nje na kuwaeleza wenzao, wengine walinuna, wengine wakacheka wenyewe kwa wenyewe. Mtu wa fimbo za shaba alikuwa ametoweka. Inasemekana alionekana akinyata kwenye barabara ya Mbinga, fimbo zake zikitikisika kuliko siku zote.

Damiano hakuondoka. Alituma vijana wakalete nguzo, wakaegemeza ukuta kabla ya jambo jingine lolote. Kisha wakaanza kulifukia shimo na kuushindilia udongo. Beata alibeba udongo kwa karai hadi viganja vikatoka malengelenge. Hakuna aliyemwamuru. Shangazi Edina naye, pamoja na mafua yake, alivua viatu na kubeba. Bibi Emerensiana aliwapikia wote uji wa muhogo hapo hapo uwanjani.

Jumatano Damiano aliziba ufa kwa saruji. Siku hiyo hiyo Beata aliandika barua mbili. Moja ilikwenda kwa Bwana Urbani na moja kwa Mama Hildegardi, akiwaeleza kwamba habari ya masanduku ilikuwa ya uongo, aliitunga yeye mwenyewe, na kuwaomba wawaambie watu wote waliowasimulia. Barua zilipanda basi la Mbinga. Baada ya wiki moja Mama Hildegardi alijibu kwamba amelitangaza jambo hilo stendi, sokoni, na hata baada ya misa. Bwana Urbani hakujibu.

“Labda amenikasirikia,” alisema Beata.

“Labda,” alisema Shangazi. “Ana haki. Ukisema kweli baada ya uongo, watu hawalazimiki kukushangilia.”

Walikuwa wamekaa kwenye ngazi za kisima, wakingoja ndoo zijae. Beata alikusanya ujasiri.

“Shangazi, nilikuwa naona aibu ukisema hujui.”

“Nilijua. Nilikuona ukitazama chini.” Shangazi Edina alicheka, kisha akatulia. “Lakini na mimi nina kosa, Beata. Miaka yote hii nimewaambia wageni sijui habari ya mlango ule, na Bibi Emerensiana alikuwa upande wa pili akipika. Sikupiga hata hatua kumi kwenda kumwuliza. Kusema hujui si aibu; ni ukweli, na mtu anayetuamini anastahili kupewa ukweli. Ila ukishasema hujui, usikae. Inuka ukatafute. Uongo ni mwepesi kwa sababu hautaki miguu, lakini angalia ulivyotuchosha mgongo. Umenisikia?”

“Nimekusikia, Shangazi.”

“Basi kesho kutwa, Mungu akipenda, tuna wageni wanne. Utawaongoza wewe kuanzia gatini, na jikoni kwa Bibi mtapiga hodi kwanza.”