Barua Aliyoikataa Digambar

Digambar Kharat ana bendi ya harusi mjini Barshi. Ni watu kumi na wawili. Kila asubuhi wapigaji hukaa barazani kwake wakisugua matarumbeta kwa ndimu na majivu, na mkewe Kusum huwapikia chai.

Jumatatu moja tarishi wa posta alileta barua ya rejesta. Digambar alitazama jina la aliyeituma. Alikuwa wakili wa Attar, fundi aliyeishonea bendi sare mpya.

"Siipokei," alisema.

"Nitaandika umekataa."

"Andika."

Tarishi aliandika, akaenda zake.

Kusum alisikia. "Si mambo ya ile hundi uliyompa Attar?"

"Ndiyo hayo. Benki imeirudisha, pesa hazikutosha. Nilitegemea ile harusi ya mjini Pandharpur, nayo imeahirishwa. Sikumwibia mtu. Na barua nisiyoisoma itanifanya nini?"

Wiki ikapita. Siku ya nane Kusum alikwenda kwa jirani yao, Tarabai Bhosle, aliyepiga taipu nyaraka za mahakama kwa miaka ishirini na sita. Alimkuta anachambua dengu, akamweleza yote. Tarabai aliweka ungo chini, wakafuatana.

"Shemeji," alimwambia Digambar, "nasikia siku hizi unachagua barua kama mtu anayechagua nyanya sokoni."

Wapigaji walicheka. Digambar hakucheka.

"Dada, deni ni deni. Harusi zikirudi nitalipa. Mtu hafungwi kwa deni."

"Deni tu, hafungwi. Hundi ni jambo jingine. Ukilipa deni kwa hundi, ikarudi kwa kukosa pesa, na hata baada ya kuonywa hukulipa, hilo ni kosa la jinai. Hakimu anaweza kukufunga hadi miaka miwili, au kukutoza faini hadi mara mbili ya hundi, au vyote viwili."

"Lakini sikukusudia."

"Wengi niliowapigia taipu hawakukusudia. Ndiyo maana sheria inakupa nafasi. Benki ikimjulisha anayekudai kwamba hundi imerudi, ana siku thelathini za kukuandikia. Nawe ukiipata barua yake una siku kumi na tano. Ukilipa zote ndani ya siku hizo, hakuna kesi. Zikipita, ana mwezi mmoja wa kwenda mahakamani."

"Basi mimi sijaipata."

"Umeikataa. Jina lako, anwani yako, na tarishi kaandika. Mahakamani wanahesabu umeipata. Siku zinakwenda tangu Jumatatu ile."

Kusum alihesabu kwa vidole. "Zimebaki saba."

Digambar alimgeukia Tarabai. "Nikimpa nusu?"

"Nusu haikutoi. Lipa zote. Lipa kupitia benki, upate risiti, na ile hundi irudi mkononi mwako."

Hundi ilikuwa ya rupia elfu arobaini na mbili. Alhamisi Digambar aliuza pikipiki yake. Zilizopungua, Kusum alikopa katika kikundi chake cha akina mama. Ijumaa asubuhi Digambar alizilipa benki, katika akaunti ya Attar, kisha akaenda dukani kwake.

Attar alikuwa kwenye cherehani. Hakumkaribisha kiti. Digambar alimpa risiti ya benki, naye akaisoma mara mbili. Kisha alifungua mtoto wa meza, akatoa ile hundi, akaandika kwa mkono wake kwamba amelipwa zote, akamrudishia Digambar.

"Barua yangu ilikuudhi," alisema.

"Iliniudhi."

Attar alisukuma kitambaa pembeni. "Na mimi nimempa mwenye vitambaa hundi, nikitegemea yako. Inaingia benki Jumatatu. Nilikuwa nimeshamwambia mke wangu, tarishi akija asifungue mlango."

Digambar alivuta kiti mwenyewe, akakaa. "Asipofungua ndiyo utaharibikiwa," alisema, na akamweleza habari ya zile siku kumi na tano kama alivyoelezwa na Tarabai. Attar alisikiliza mpaka mwisho, kisha akaagiza chai mbili.

Jumatatu hundi ya Attar ililipwa.

Msimu wa harusi ulipofika, bendi ilipiga siku kumi na nane mfululizo. Digambar alikwenda kazini kwa miguu, maana pikipiki nyingine alikuwa hajapata. Hundi bado huandika, ila kwanza hutazama kitabu cha benki. Na tarishi akileta barua ya rejesta, humwomba kalamu, akatia saini.