Kimya cha Gofu la Mama

Harufu ya udongo uliolowa ndiyo iliyotangulia. Mvua haikuwa imenyesha miezi miwili na dirisha la chumba cha kuhariria lilikuwa limefungwa, lakini kila Bwana Kimya alipoichezesha ile picha, harufu ilipanda kutoka kwenye kompyuta kama vile kuna kaburi limechimbwa chini ya meza.

Jina hilo alipewa na majirani kwa ajili ya filamu zake. Husimamisha kamera mbele ya kilima au shamba, akaiacha saa nzima bila kuigusa. "Ardhi inakumbuka," hupenda kusema. "Tukinyamaza, itasema yenyewe."

"Filamu zako, kaka, mtu akisinzia akiamka hajakosa kitu," dada yake humtania.

Safari hii alikuwa amelipiga picha gofu la nyumba yao ya utotoni, iliyoungua mama yao akiwa ndani. Dada ndiye aliyetakiwa aingie mlangoni, asimame humo, mgongo kwa kamera. Alipofika kizingitini alitaka kupiga hodi, maana mama aliwafunza kwamba hata pahame pana wenyewe. Kaka akamkemea.

"Funga mdomo! Narekodi kimya cha mahali. Neno moja tu umeniharibia."

Dada akavuka kizingiti kimyakimya, kama mwizi.

Sasa, adhuhuri, Bwana Kimya alivaa visikizio akisikilize kimya hicho. Dakika ya kwanza ilikuwa ya upepo. Ya pili, hata upepo haukuwapo. Ya tatu, sauti ya mama yake ikasema, imegusa sikio:

"Hodi."

Ulimi ukatangulia akili. "Karibu," akajibu.

Mlango ukafunguka nyuma yake, ukafungwa taratibu, na alipogeuka hapakuwa na mtu.

Tangu siku ile nyumba haikuwa yao. Dada aliamka na udongo mdomoni, akautema, kesho yake ukawa mwingi zaidi, na mchana kweupe, akichambua mchele, alihisi mtu amesimama mgongoni pake, karibu kiasi cha nywele zake kupepea kwa pumzi ya huyo mtu, pumzi yenye harufu ya moshi wa zamani, na kila alipotaka kugeuka shingo ilimkataa, na kucha zikaanza kumpapasa koo polepole, kama mtu anayetafuta mahali pa kuingilia.

"Kaka," alinong'ona, sauti imekauka, "hilo jitu linanitaka mimi. Mimi ndiye niliyeingia kwao bila hodi."

"Usiseme hivyo, mdogo wangu."

"Nani alinikataza? Si wewe?"

Bwana Kimya akamwita maalimu.

Mzee yule alisoma dua chumba kwa chumba mpaka shati likalowa jasho. Mbele ya kompyuta akasimama.

"Sauti ya marehemu mama yenu?" aliuliza chinichini. "Maiti hapigi hodi, mwanangu. Huyo ni mkaaji wa gofu, kaazima sauti. Nimemtoa, ila njia yake ni hiyo picha. Ifute yote. Na asikaribishwe tena. Mara ya pili simuwezi."

"Nitaifuta, maalimu."

"Apa."

Akaapa kwa jina la Mungu, dada yake, ndiyo kwanza anaingia, akimtazama.

Hakuifuta. Tuseme kweli, maana Mungu hadanganywi: alifuta moja, akaficha nakala kwenye flashi ndani ya droo. Alijiambia ni kwa ajili ya mama, lakini moyoni aliona hajawahi kupiga picha nzuri kama ile. Kiburi nacho kina mlango wake.

Siku saba zikapita kwa amani. Dada akaanza kula, hata kuimba jikoni. Alasiri ya siku ya nane, Bwana Kimya akasema ataitazama mara moja tu, bila sauti. Akavuta droo, akachomeka flashi kwenye kompyuta.

Mlango wa gofu ulikuwa mtupu. Dada hakuwamo tena pichani.

Harufu ya udongo ikapanda. Akanyoosha mkono kuzima, vidole vikawa vizito kama vya mtu aliyelala, na kutoka kwenye korido, si kwenye kompyuta, sauti ya mama yao ikaita kwa upole ule wa zamani.

"Hodi, wanangu."

Jikoni nyimbo zikakatika. Bwana Kimya alitaka kupiga kelele, *usijibu*, lakini koo lilijaa udongo.

"Mama?" dada alisema, sauti ikiwa na kilio cha furaha. "Karibu, mama. Karibu ndani."