Siku Josiane Alipomtembeza Mama Yake Yohanes

"Karibuni Biharamulo. Naitwa Josiane, nitakuwa nanyi hadi jioni. Jengo hili mnaloliona ni boma la Wajerumani. Lina zaidi ya miaka mia moja, na kuta zake..."

Maneno yakamkatika. Mtu wa mwisho kushuka kwenye Kosta alikuwa Yohanes.

Alikuwa amening'iniza mkoba wa kike begani. Mwenye mkoba alikuwa mbele yake, dada mrefu mwenye uso wa ucheshi, amemshika mkono mama mmoja aliyevaa kitenge kipya.

"Kuta zake zimefanyaje, dada?" mgeni mmoja akauliza.

"Ni nene," alisema Josiane. "Kuta zake ni nene sana."

Wageni wakacheka. Yohanes alikuwa anatazama viatu vyake.

Yule dada mrefu akamfuata Josiane akitabasamu.

"Mimi ndiye Irine, niliyekuwa nakupigia kuhusu safari. Huyu ni mama mkwe wangu mtarajiwa, Mama Bernadetha. Amestaafu ualimu kule Runazi mwezi uliopita, ndiyo tukasema tumzungushe mkoa wake, maana miaka yote alikuwa anaufundisha kwenye ramani tu. Na yule aliyebeba mkoba wangu ni mchumba wangu, Yohanes. Tunafunga ndoa Desemba."

"Hongereni," Josiane akasema. Akamgeukia yule mama, akapiga goti kidogo. "Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Sauti yako nzuri, ungefaa kuwa mwalimu."

Josiane alishukuru. Kwa miaka miwili alikuwa amemchukia mwanamke huyu bila kumwona hata siku moja.

Yeye na Yohanes walipendana miaka mitatu. Yohanes alikuwa anakuja hadi kwao Kabanga, anakula kwa baba yake, na hakumwita Josiane. Alimwita Niyo, kifupi cha Niyokwizera, jina alilopewa na bibi yake aliyevuka kutoka Burundi. Posa ilikuwa imeshatajwa. Halafu asubuhi moja ukaingia ujumbe ambao Josiane aliusoma mpaka akaukariri:

"Niyo, mama amekataa kabisa. Anasema hataki damu ya wakimbizi nyumbani kwake. Nimelia, nimempigia magoti, amegoma. Mimi ni mtoto wake wa pekee. Nisamehe."

Baada ya hapo namba ya Yohanes haikupatikana tena.

Na sasa wote walikuwa hapa, wakimsubiri awaonyeshe ngome.

Wageni walipoanza kupiga picha, Josiane alijitenga akampigia bosi wake.

"Bosi Danstan, naomba unitafutie mtu. Siwezi kuendelea na kundi hili."

"Unaumwa?"

"Siumwi. Kuna mtu hapa... siwezi, bosi."

"Josiane, Priscila yuko Bukoba na kundi jingine. Nimtoe wapi mtu saa hii? Wageni kumi na mmoja wameshafika. Kama huumwi, endelea. Tutaongea kesho."

Simu ikakatika. Papo hapo ukaingia ujumbe kutoka namba asiyoijua.

"Niyo, ni mimi. Namba yako ipo kwenye karatasi ya safari. Sikujua kama ni wewe, Irine ndiye aliyepanga kila kitu. Nakuomba usiseme neno. Leo ni siku ya mama."

Aliitia simu mfukoni. Alirudi kwa wageni akaeleza habari za boma mpaka mwisho, bila kuruka kitu.

Njia nzima kuelekea Rusumo, Mama Bernadetha alikaa kiti cha mbele, karibu na Josiane. Alitaka kujua kila kilima kinaitwaje. Akamuuliza dereva, Bulugu, watoto wake wanasoma wapi, na akampa ndizi mbivu. Walipopita Lusahunga akamkatia na Josiane mkate.

"Kula. Unaongea tangu asubuhi, tumboni hamna kitu."

"Nimeshiba, mama."

"Hujashiba. Nimekaa na watoto miaka thelathini na minne, mtu mwenye njaa namjua."

Josiane akala. Angekuwa mama mkali, mwenye dharau, siku ingepita kwa wepesi. Lakini mtu anayekukatia mkate utamchukiaje?

Kwenye maporomoko ya Rusumo maji ya Kagera yalikuwa mengi na yenye rangi ya udongo. Manyunyu yalipaa mpaka darajani. Mama Bernadetha akatoa khanga kwenye mkoba wake, akamtupia Josiane mabegani.

"Umeolewa, mwanangu?"

"Bado, mama."

"Vijana wa huku hawana macho?" Akageuka kutazama maji. "Mwanangu aliwahi kupenda binti wa huku Ngara. Wa Kabanga. Alikuwa anamwita Niyo. Nilikuwa nimeshamwambia, nipeleke nikamwone huyo mkwe, nikae na wazazi wake."

Josiane alishika ukingo wa daraja.

"Ikawaje, mama?"

"Binti akaolewa na mtu wa Kibondo, bila hata kuaga. Yohanes aliniambia huku analia. Basi na mimi nikalia, labda kuliko yeye. Nilishampenda yule mtoto kwa kusikia tu." Akapangusa miwani. "Irine ni mtu mzuri, simsemi vibaya. Ila yule Niyo aliniuma."

"Dada Josiane," mgeni mwingine akaita, "upande ule ni Rwanda?"

"Ndiyo," Josiane alijibu. "Ule ni Rwanda."

Aliendelea kueleza, mto unatoka wapi, unamwaga maji wapi. Mdomo ulifanya kazi yenyewe. Wageni walipotawanyika kununua soda, alimkuta Yohanes nyuma ya Kosta.

"Niliolewa Kibondo?"

Yohanes alifunga macho.

"Niyo, nisikilize."

"Mama yako hakukataa."

"Hakukataa."

"Sasa kwa nini?"

"Nilikuwa nimeshaanza na Irine kule Mwanza. Sikujua namna ya kukuambia. Nilijua ukisikia ni mama, hutabisha. Ungemheshimu."

"Kwa hiyo ukanipa mtu wa kumchukia."

"Nilikosea. Nitamwambia mama mwenyewe, lakini si leo. Mwangalie alivyo na furaha. Ukisema leo, unamvunja yeye, si mimi."

Na hilo lilikuwa kweli, ndilo lililomwuma zaidi. Mama wa watu alikuwa amesimama kule akipigwa picha, anacheka kama msichana.

"Sitasema," Josiane alisema. "Si kwa ajili yako."

Aliingia kwenye gari. Akafungua karatasi ya ratiba ili awatangazie wageni mambo ya jioni, na hapo ndipo akakumbuka. Chakula cha jioni Ngara mjini, ngoma za Kirundi, kikundi cha Mzee Nduwayo kutoka Kabanga.

Mzee Nduwayo alikuwa baba yake.

Akapiga simu. Haipatikani. Akapiga tena walipopita Benako, akapiga walipokaribia Ngara mjini. Haipatikani. Baba alikuwa na tabia ya kuzima simu akienda kupiga ngoma, anasema inamchanganya.

Akamwandikia Yohanes: "Baba yangu ndiye anayepiga ngoma leo. Simpati. Jifanye unaumwa, ubaki chumbani."

Jibu likaja: "Nimejaribu. Irine amesema nikiumwa atabaki na mimi na mama naye hataenda."

Saa moja jioni wageni walikuwa wamekaa kwenye ua wa hoteli ndogo juu ya kilima, baridi ya Ngara imeanza. Kulikuwa na kuku wa kienyeji, ndizi, maharage, ugali wa muhogo. Wapiga ngoma wakaingia ngoma zikiwa vichwani, Mzee Nduwayo mbele. Walipoanza, meza zilitetemeka. Mama Bernadetha aliacha chakula, akapiga makofi.

Josiane alisimama karibu na mlango wa jikoni. Aliomba baba asimwone Yohanes, apige, amalize, atoke.

Ngoma ya kwanza ilipokwisha, Mzee Nduwayo alipita kusalimia wageni meza kwa meza, kama desturi yake. Alipofika meza ya tatu akasimama. Uso wake wote ukafunguka.

"Yohanes? Ni wewe, mwanangu?"

Yohanes akainuka taratibu.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Miaka miwili hatujaonana." Akamshika mkono kwa mikono yake miwili. Hakuwa mtu wa kinyongo. "Usiogope. Mimi nilimwambia Niyo, kijana hana kosa, mama yake akikataa atafanyaje? Mama ni mama."



"Samahani, baba," Mama Bernadetha akasema. "Mimi ndiye mama yake. Nilikataa nini?"

Mzee Nduwayo akamtazama, akamtazama Yohanes, akaanza kuelewa kwamba amekanyaga pasipokanyagika.

"Labda nimesahau mimi. Uzee."

"Hujasahau. Niyo ni nani kwako?"

"Ni mwanangu. Huyo hapo."

Akaonyesha mlango wa jikoni. Wote wakageuka. Josiane alikuwa bado na khanga ya Mama Bernadetha mabegani.

"Wewe ndiye Niyo?" mama aliuliza.

"Ndiyo, mama."

"Uliolewa Kibondo?"

"Sijawahi kuolewa popote."

"Na wewe uliambiwa mimi nimekataa?"

"Niliambiwa hutaki damu ya wakimbizi nyumbani kwako."

Mama Bernadetha aliweka kijiko mezani polepole. Hakumtazama mwanawe. Alimtazama Irine.

"Mwezi gani?" Irine aliuliza. "Josiane, alikuambia mwezi gani?"

"Machi. Mwaka juzi."

"Sisi tulianza Novemba iliyotangulia hiyo Machi." Irine alihesabu kwa midomo, kisha akamgeukia mchumba wake. Sauti yake ilikuwa ya kawaida kabisa. "Yohanes, na mimi siku ukinichoka, utasema nani amenikataa?"

"Irine, tuongee pembeni."

"Jibu hapahapa."

Yohanes alinyoosha mkono kumshika. Irine akachukua mkoba wake, akaingia ndani. Yohanes alimfuata, akarudi peke yake, akakaa kwenye kiti cha mwisho kabisa.

Wageni wengine walikuwa wanangoja. Kikundi kizima cha ngoma kilikuwa kinangoja. Mzee Nduwayo akamtazama binti yake, naye Josiane hakujua la kufanya, isipokuwa lile lililoandikwa kwenye ratiba. Akachukua kipaza sauti.

"Wageni wetu," alisema, machozi yakimtiririka, "sasa mtaona ngoma ya pili."

Walipokwisha kula, Mama Bernadetha alimwita pembeni.

"Miaka miwili ulinichukia."

"Ndiyo, mama."

"Uliniombea mabaya?"

Josiane aliinamisha kichwa. "Kuna siku niliomba ufe."

Mama akamrekebishia khanga mabegani.

"Ningekuwa wewe, ningeomba hivyohivyo," akasema. "Sina cha kukurudishia, mwanangu. Nimefundisha watoto wa watu, wangu nikamshindwa. Nitakuja kwenu. Si kuposa. Kuomba radhi."

Harusi ya Desemba ilivunjika. Irine alirudi Mwanza asubuhi iliyofuata kwa basi, na alimwandikia Josiane mara moja tu: "Sikukasirikii. Pole, na mimi unipe pole."

Wiki tatu baadaye Mama Bernadetha alifika Kabanga akiwa na gunia la maharage ya Runazi. Aliketi na Mzee Nduwayo sebuleni, wakazungumza kama wazazi, akaomba radhi kwa kosa ambalo hakulifanya. Mzee akampokea. Kisha mama akamgeukia Josiane.

"Amekuja na mimi. Nimemkataza kuingia humu. Yuko barabarani, anasema atasubiri hata mpaka jioni. Mimi sikusukumi wala sikuzuii."

Josiane alikuwa ameshasimama. Miguu ilikuwa imesimama yenyewe kabla hajafikiri. Mlango ulikuwa wazi, na kupitia mlangoni aliona barabara, aliona hata kona ya shati la Yohanes. Moyo ulimwenda mbio kama zamani, na hilo ndilo lililomliza, kwamba baada ya yote yale bado ulimwenda mbio.

Akakaa tena.

"Mwambie asinisubiri, mama."

"Nimwambie hutaki kumwona?"

"Hapana," alisema Josiane. "Usimdanganye. Mwambie nataka kumwona. Mwambie nataka sana, na siji."