Mbetula wa Tano

Asubuhi ile Tokpai alitoka na ndoo ya maji vuguvugu na brashi yake laini, akakuta mbetula wa tano, katika ile safu yake ya miti ya gome jeupe, umeshaoshwa.

Haukuwa umande. Umande hauchagui mti mmoja ukaiacha minne. Shina lilikuwa linachuruzika maji kuanzia ardhini mpaka usawa wa kifua cha mwanamke, jeupe kama yai lililomenywa, na ile mistari mifupi myeusi ya gome imekaa kama mishono ya fundi. Minne mingine ilikuwa bado na ukijani wa majira ya baridi, michafu, kama Tokpai alivyoiacha jana.

"Nani kagusa brashi yangu?" alifoka kuelekea uani kwa jirani.

Orina, mkunga mstaafu wa kijiji, alikuwa akiwamwagia mabata bukini wake shayiri. Hakuinua hata kichwa. "Miguu yangu mwenyewe sijaiosha, jirani, nikuoshee miti?"

"Basi kuna mtu kaingia."

"Mwizi anayeingia kufanya usafi! Akirudi mlete na kwangu."

Tokpai alitema mate, akaanza kusugua mti wa kwanza kwa hasira. Miaka mitatu alikuwa anaihangaikia safu ile ya miti mitano pale langoni. Watu wa mjini, wateja wa miche yake, wanataka mibetula myeupe bustanini, na hawanunui mpaka waone. Safu ya kwanza ililiwa na funza wa mti. Ya pili ilikataa kuwa nyeupe, maana mbetula mchanga una rangi ya chai, na mteja akija hana subira ya miaka sita. Wauzaji wengine huwadanganya. Tokpai huwaambia usoni: "Leo ni wa kahawia, na kesho ni wa kahawia. Hutaki, kapande viazi." Kijiji kizima kilijua kwamba Tokpai ana mdomo mchungu na neno lililonyooka, na yeye mwenyewe alijua zaidi yao wote.

Sasa safu ya tatu, ya miti iliyokwisha komaa kitaluni, ilikuwa imekubali, na kumbe kuna mtu anaichezea.

Alichukua kamba yake ya kupimia mstari, akaifunga kwenye mti wa kwanza, akaivuta mpaka mwisho. Miti minne ilikaa juu ya kamba sawasawa. Wa tano ulikuwa umetoka nje ya mstari kwa shibiri moja, kuelekea nyumbani.

Aliyalaani macho yake, akailaani kamba. Juma lililofuata akapima tena. Shibiri mbili. Juma la tatu, hatua nzima ya mtu mzima, na majani ya chini hayajakanyagwa, udongo haujapasuka, kama vile mti ulizaliwa palepale. Na ulikuwa umeelekea dirisha moja tu, dirisha la Taira.

Taira ndiye mwanawe wa pekee. Mume wake alikuwa huko kaskazini kwenye visima vya gesi, na yeye alirudi kwa baba kujifungua. Mimba mbili zilimtoka zikiwa na miezi sita. Hii ilikuwa na miezi minane, na Tokpai, asiyeogopa mtu, alikuwa hathubutu hata kuitaja, asije akaishtua.

"Umelalaje, mwanangu?"

"Kama jiwe, Baba. Sijawahi kulala hivi." Taira alitabasamu, na kucha zake zilikuwa na unga mweupe.

Chumba chake kilinuka mafuta ya bata na nta ya mshumaa. Nyumba ile haikuwa imechinja bata tangu Krismasi.

Siku iliyofuata Tokpai aliamka mapema, kabla jua halijachomoza, katika ule mwanga wa Juni ambao hauachi usiku uwe mweusi. Alisikia sauti. Ilikuwa kama mtu anayebandua karatasi ndefu ukutani, polepole, akisita, akibandua tena. Akasogea dirishani, akamwona Taira uani na gauni la kulalia, miguu mitupu, tumbo kalibana kwenye shina la mti wa tano, viganja vilivyolowa vikipanda na kushuka juu ya gome kama vya mama anayemwogesha mtoto, macho yamefumbwa, midomo inatembea, na kila alipopitisha mkono gome lilijibandua lenyewe utepe mwembamba, likamzunguka kiganja, likamwachia, likamzunguka tena.

"Taira!" aliita, na sauti yake ikatoka ndogo.

"Taratibu, Baba," alijibu bila kufumbua macho. "Anamhesabu mtoto vidole."

* * *

Izilan ndiye aliyekuwa akiongoza sala kwenye kichaka cha maombi, msitu mdogo mtakatifu wa kijiji, na siku nyingine zote alikuwa mchochea tanuri la kupashia shule joto. Tokpai alimkuta amelala chali chini ya bomba, spana mkononi, akilalamikia mgongo.

"Umeitoa wapi hiyo miti?" Izilan aliuliza baada ya kusikiliza.

"Kitaluni kwangu. Yote mitano."

"Basi huna shida. Nenda nyumbani." Akaendelea kukaza nati.

Tokpai alisimama. Akavua kofia, akaivaa. "Minne," alisema.

Izilan aliweka spana chini.

"Mmoja ulikauka," Tokpai alisema haraka, kwa ukali, kana kwamba anamgombeza mwingine. "Safu ikawa kama mdomo wenye pengo, na wateja wako njiani! Nikachukua mche mmoja mweupe kule kichakani. Lakini nilifuata kila kitu, Izilan. Nilioga kwanza, nikavaa shati safi, nikaacha chapati, nikaomba ruhusa. Na ulikuwa nje ya mtaro!"

"Mtaro upi?"

Mtaro wa zamani, mpaka wa kichaka, ulifukiwa kwa trekta enzi za shamba la ushirika, ukachimbwa mpya hatua kumi ndani ili wapate pa kulima. Dereva wa trekta lile alikuwa baba yake.

"Ulijua," Izilan alisema.

"Nilijua."

Mzee alijikokota kutoka chini ya bomba, akakaa. "Pale ndipo bibi zetu walipokuwa wakiombea watoto. Mti wenyewe ulikatwa, huo mche wako umeota kwenye kisiki chake. Keremeti, pepo wa kichaka anayekaa humo, kaombwa watoto kwa bata na mishumaa miaka mia, na hajalipwa tangu trekta. Nawe umemleta ukampanda mbele ya dirisha la mwenye mimba! Wewe ungekuwa yeye ungefanya nini?"

"Niambie cha kufanya, usinihubirie."

"Rudisha. Leo. Na mizizi yote, umesikia? Usikate hata unywele. Kipande kitakachobaki kwako ni chake bado, na kilichoguswa nacho ni chake."

"Mti wenye majani haung'olewi Juni. Utakufa."

Izilan alimtazama kwa huruma ambayo Tokpai hakuipenda. "Huo? Hautakufa."

* * *

Mvua ilianza walipoanza kuchimba, na saa hiyohiyo uchungu wa Taira ukaanza, mwezi mmoja kabla ya wakati. Orina aliingia na maji ya moto, bila utani.

Mizizi midogo ilitoka kwa urahisi. Mmoja haukutoka. Ulikuwa mnene kama kifundo cha mkono, mweupe, na haukushuka chini kama mizizi ya Mungu inavyoshuka, ulikwenda mbele, umenyooka, na Tokpai akaufuata kwa mikono, akiufukua kwa vidole, kwa magoti, tope likimjaa machoni, akiutukana mti na kujitukana yeye na trekta la baba yake, mpaka kichwa chake kikagonga ubao na akajua amefika chini ya nyumba, akajipenyeza kwa tumbo kwenye ule uwazi kati ya sakafu na ardhi, giza likinuka mafuta ya bata na nta, akaupapasa mzizi mpaka mahali ulipopanda juu, na pale, chini kabisa ya kitanda cha Taira, ulikuwa umejisokota duara juu ya duara kama kikapu, na ndani ya kikapu kulikuwa kumetandikwa maganda meupe, laini, yenye joto.

Joto la mtu aliyetoka kulala.

Alivuta. Juu yake Taira alipiga ukelele.

"Usivute!" Izilan alisema kutoka nje. "Sokotoa. Polepole."

Akasokotoa. Duara moja, duara la pili, la saba. Kila alipolegeza moja, lingine lilijikaza. Fundo la mwisho lilikuwa limeuzunguka mhimili wa sakafu na halikuwa na mwanzo wala mwisho.

"Mtoto hashuki!" Orina alilia huko juu. "Kichwa nakiona, halafu kinarudi ndani, kama anavutwa! Tokpai, fanya lolote unalofanya!"

"Bado kidogo!"

"Hatuna kidogo, Tokpai!"

Lile fundo likajikaza tena, mbele ya vidole vyake, bila haraka, kama linamcheka. Hasira ikampanda, ileile iliyomharibia kila kitu maishani. "Mimi si mtumwa wa mti!" alisema kwa meno yaliyoumana, akachomoa sepetu fupi kiunoni, akakata.

Majimaji ya moto yakamrukia usoni, matamu. Papo hapo, juu, mtoto akalia.

Tokpai alilala pale akihema. Kipande kilichobaki kilikuwa kama urefu wa kidole, kimening'inia kwenye mhimili, kinadondosha majimaji. Alikipaka udongo kwa viganja viwili, akatoka kinyumenyume na mzizi mkononi.

Izilan aliutazama mzizi, akamtazama yeye. "Wote?"

"Wote," alisema Tokpai mnyoofu.

Waliupeleka mti kichakani, wakaupanda ndani ya mpaka wa mtaro wa zamani. Haukunyauka hata jani.

* * *

Alikuwa mtoto wa kike, mzima, mtulivu kupita kiasi. Siku ya saba ngozi ilianza kumbanduka mgongoni, na Taira akaogopa.

Orina alicheka. "Wote hubanduka wiki ya kwanza, mjinga wewe! Nimewapokea mia nne. Hata baba yako huyu alibanduka, ndipo wakaona ana roho ngumu." Akafunga kitambaa chake, akaenda kulisha bata.

Tokpai alimshika mjukuu wake wakati Taira akitandika. Kipande cha ngozi kilibaki kidoleni mwake, chepesi, kimejikunja. Alikwenda nacho dirishani, akakinyoosha kwenye mwanga.

Kilikuwa cheupe pe. Na katikati yake kulikuwa na mistari mitatu mifupi, myeusi, kama mishono ya fundi.

Chini ya sakafu, tone lilidondoka. Pakatulia. Lingine likadondoka. Mtoto alifumbua macho, akageuza kichwa kusikiliza.

"Ni nini, Baba?" Taira aliuliza nyuma yake.

Tokpai alikunja kiganja, akakitia mfukoni.

"Ngozi tu," alisema.